Kurudisha miombo kwenye shamba lililokatwa makala: mwongozo kamili kwa watu wa Lubumbashi

Ukinunua shamba kwenye barabara ya Kasenga au ya Kipushi siku hizi, mara nyingi unanunua visiki. Wachoma makala (makaa ya kupikia) wameshapita, wanunuzi wa mbao nyekundu wamebeba mikula iliyobaki, na muuzaji anakuonyesha nyasi zinazokufika kifuani huku akikuapia kwamba udongo bado ni mzuri. Hapo wengi huchagua moja kati ya mawili: kuita trakta ing'oe kila kitu, au kununua miche ya mkaratusi na kuipanda kwa mistari. Njia zote mbili zinakula pesa, na zote mbili zinaua mali ambayo tayari ni yako, yaani mizizi hai iliyobaki ardhini.

Mwongozo huu ni wa mtu mwenye hekta chache nje ya mji, au kijiji chenye pori la pamoja, anayetaka miti ya kwetu irudi. Msimamo wangu nautoa mapema: usipande hata mche mmoja kabla hujahesabu visiki, na usihesabu faida yoyote kabla hujajua utauzuiaje moto wa Septemba.

Kwa nini miombo hujirudia yenyewe

Pori la Haut-Katanga ni sehemu ya ukanda wa miombo unaoanzia Angola, unapita kwetu na Zambia, na kufika Tanzania na Msumbiji. Linatawaliwa na miti ya jamii ya kunde: muputu (Brachystegia spiciformis) na ndugu zake wengi, pamoja na mutondo (Julbernardia paniculata). Katikati yao utakuta mulombwa, mukula, mubanga, masuku na mupundu. Majina hubadilika kutoka kijiji hadi kijiji, maana Kibemba, Kilamba na Kisanga havikubaliani kila mara. Kwa hiyo kila mti unaouandika kwenye daftari, bandika na jani lake lililokaushwa.

Miti hii imezoea kiangazi kirefu, kuanzia Mei hadi Septemba, na imezoea moto. Akiba yake iko chini. Shina likikatwa, kisiki na mizizi hutoa machipukizi mengi, na machipukizi hayo yanakua haraka kuliko mche wowote, kwa sababu yanalishwa na mizizi ya mti mzima.

Mbegu ni habari nyingine. Maganda ya muputu na mutondo hukauka mwishoni mwa kiangazi, kisha hupasuka kwa kishindo jua likiwa kali na kurusha mbegu mita chache, mara chache sana kupita 20. Mbegu hizo hazijui kusubiri. Zikipata mvua za Novemba zinaota, zisipopata zinakufa au zinaliwa na wadudu. Hakuna ghala la mbegu ardhini linalongoja miaka. Ukishang'oa mizizi kwa trakta, na miti mama ikiwa imekatwa kilomita nzima kila upande, hakuna kitakachoirudisha isipokuwa mkono wako.

Mche uliofanikiwa kuota nao una tabia inayowadanganya wengi. Miaka ya mwanzo unajenga mzizi kwanza. Juu ya ardhi utaona kijiti cha kiganja kimoja chenye majani machache, kumbe chini mzizi umeshapita nusu mita. Kila kiangazi kijiti kinakauka au kinaungua, kila mvua kinachipua upya, na mchezo huo unaweza kuendelea miaka mingi kabla mti haujapata nguvu ya kupanda juu. Kwa hiyo "gugu" lenye mti mgumu ambalo kijana wako wa shamba analifyeka kila mwaka huenda ni mutondo wa miaka kumi.

Jambo la mwisho ni kuvu. Mizizi ya muputu, mutondo na masuku imefungamana na kuvu wanaoizungushia ala nyembamba, wakiipa maji na fosforasi nao wakipewa sukari. Uyoga mwingi unaouzwa kando ya barabara mvua zikianza ni tunda la kuvu hao. Mialoni ya Ulaya inaishi vivyo hivyo: ina kuvu mizizini, inachipua kutoka kisikini, na mbegu yake nayo haijui kusubiri. Wakulima wa huko walikata mialoni karibu na ardhi, wakaacha ichipue na kuikata tena, kwa karne nyingi. Mbinu hiyo tunaweza kuiazima. Miche yake hapana: barani Afrika mialoni ya asili iko kaskazini tu, hasa Moroko, Algeria na Tunisia, na anayekuuzia mbegu zake Lubumbashi anakuuzia pambo la bustani.

Hatua ya kwanza: karatasi na mipaka

Hii nitaipita haraka, ila usiiruke. Kwa sheria ya misitu namba 011/2002 ya tarehe 29 Agosti 2002, misitu ni mali ya Serikali, na wewe una haki kulingana na hati uliyonayo. Kabla ya kutumia pesa yoyote fanya mambo matatu. Onana na chifu wa eneo na mwenye udongo, upitie mipaka naye kwa miguu, majirani wakiwepo. Hakikisha hati yako kwenye ofisi ya ardhi. Kisha uliza kwenye cadastre minier, ofisi inayosajili viwanja vya madini, kama kiwanja chako kiko ndani ya miraba ya kampuni ya madini. Katika jimbo letu hili la tatu ndilo linalosahaulika, na ndilo linaloweza kukuharibia miaka yote ya kazi kwa wiki moja ya buldoza.

Kama pori ni la kijiji, kuna njia ya msitu wa jamii. Amri namba 14/018 ya tarehe 2 Agosti 2014 inairuhusu jamii kuomba konsesheni ya hadi hekta 50,000, bure na bila kikomo cha muda. Makaratasi yake ni marefu, ramani inadaiwa, mikutano inadaiwa. Kijiji kinachoona makampuni yanakikaribia kianze mapema.

Hatua ya pili: hesabu kilicho hai

Wakati mzuri ni Septemba na Oktoba. Mvua bado, lakini miombo haingoji mvua kutoa majani mapya, na majani hayo hutoka mekundu, ya shaba, ya waridi, kabla ya kugeuka kijani. Kwenye nyasi kavu utayaona kutoka mbali.

Chukua kamba, panga, kisu kidogo, daftari na chupa ya rangi. Pima mraba wa mita 20 kwa 20 na uweke vigingi pembeni. Mraba mmoja ni mita za mraba 400, kwa hiyo ukizidisha hesabu yako kwa 25 unapata ya hekta. Pima miraba minne au mitano katika sehemu zinazotofautiana: palipokatwa juzi, palipolimwa mahindi, palipo na mteremko, karibu na mto. Usichague sehemu nzuri tu.

Ndani ya mraba tembea polepole na uhesabu visiki hai, machipukizi yanayotoka kwenye mizizi mbali na kisiki, na miche. Kisiki kinachoonekana kimekufa kikwaruze kwa kisu chini kabisa, pale gome linapogusa udongo. Ukikuta unyevu na rangi ya kijani au ya waridi chini ya gome, kiko hai, hata kama juu kimeoza na mchwa wamejenga ndani. Gome likibanduka lenyewe na mti chini yake ni wa kijivu na mkavu, kimekwisha. Visiki vya mutondo mara nyingi vina kola nzima ya machipukizi usawa wa ardhi, yakiwa yamefichwa na nyasi, na mtu aliyesimama wima hayaoni. Piga magoti.

Kanuni ninayoitumia ni hii. Ukipata visiki na machipukizi 15 au zaidi kwa mraba, yaani kama 375 kwa hekta, huna haja ya kupanda chochote. Linda tu. Kati ya 5 na 15, linda na ujaze mapengo. Chini ya 5, jiandae kupanda, na ujiulize kwanza kwa nini ni vichache hivyo. Kwa kawaida jibu ni jembe: shamba lililolimwa mfululizo misimu mingi, visiki vikichomwa na kung'olewa, hupoteza mizizi. Shamba lililokatwa makala mara moja tu na kuachwa huwa na utajiri wa kushangaza.

Weka alama ya rangi pia kwenye kila mti mkubwa uliosalimika. Huo ni mti mama, na haukatwi kwa bei yoyote.

Sehemu ambazo hazitaki miti

Kabla hujaenda mbali, toa kwenye hesabu mambo manne.

Dembo, lile bonde la nyasi linalojaa maji wakati wa mvua, halikuwahi kuwa msitu. Liache. Linahifadhi maji ya kijito chako wakati wa kiangazi, na mkaratusi ukipandwa pale utayanywa.

Vilima vya shaba navyo viko wazi kwa asili. Miti haivumilii shaba iliyomo, ila maua na nyasi maalumu zinaivumilia, na baadhi yake, kama Crotalaria cobalticola, hazipatikani nje ya Katanga. Kupanda miti juu ya kilima kama hicho ni kuharibu.

Kichuguu kikubwa, vile vinavyojengwa na mchwa wa Macrotermes na kufikia hata mita 8, ni kisiwa chenye udongo tofauti na miti tofauti na miombo inayokizunguka. Watu wanavikata kufanya tofali. Ukikiacha kimoja na vichaka vyake, umehifadhi aina za miti ambazo hutazipata mahali pengine popote shambani.

La nne ni zito zaidi. Kiwanda cha kuyeyushia shaba cha Lubumbashi kilianza kazi 1911, na upepo wetu wa kiangazi hutoka kusini-mashariki. Moshi ukaenda kaskazini-magharibi mwa bomba, na udongo wa upande huo, kama pale Penga Penga, umejaa shaba, zinki, risasi na kadimiamu. Hapo kulinda visiki hakusaidii, kwa sababu vimekufa na mbegu haziishi. Watafiti wa chuo kikuu chetu wamejaribu kuufunika udongo huo kwa nyasi fupi inayovumilia shaba, Microchloa kunthii, pamoja na chokaa na mboji. Kama kiwanja chako kiko huko, peleka udongo upimwe kwanza, na usile mboga zake hata kidogo.

Hatua ya tatu: moto

Hapa ndipo kazi yote inapofaulu au kushindwa, kwa hiyo tukae.

Mwaka 1933, upande wa pili wa mpaka, pale Ndola, wataalamu wa misitu walianzisha jaribio ambalo liliendelea kwa miongo mingi. Waligawa miombo katika vipande: kimoja hakikuchomwa kabisa, kingine kilichomwa kila mwaka mwanzoni mwa kiangazi, kingine kila mwaka mwishoni. Kipande cha moto wa mwisho wa kiangazi kiligeuka nyasi na vichaka, miti mikubwa ikafa mmoja mmoja bila mrithi. Kile cha moto wa mapema kilibaki miombo. Kile kilichozuiliwa moto kabisa kikawa kizito, na miti isiyopukutisha majani ikaanza kuingia, kuelekea ule msitu mnene tunaouita muhulu.

Tofauti ni mambo matatu. Mwezi wa tano nyasi zina unyevu, usiku kuna umande, na miti imelala. Septemba nyasi ni baruti, upepo unavuma, na miti imeshatoa majani mapya kwa akiba yake ya mwisho. Moto ukiyaunguza, mti unalazimika kulipa mara mbili. Chipukizi la kimo cha magoti halina nafasi.

Fanya hivi. Kabla ya mwisho wa Mei, safisha ukanda wa kuzuia moto kuzunguka shamba lote. Mita 5 zinatosha upande mwingi, lakini kusini-mashariki fanya 10. Njia rahisi ni kukwangua mistari miwili ya upana wa mita moja hadi udongo utokee, kisha kuchoma nyasi zilizo katikati ya mistari hiyo. Mistari ifuate barabara, kijito au njia ya miguu inapowezekana, utapunguza kazi.

Kuchoma kwenyewe kuna utaratibu. Waambie majirani na chifu siku mbili kabla, na uliza ofisi ya mazingira ya eneo kama kuna kibali kinachodaiwa mwaka huo. Anza baada ya saa kumi jioni, upepo ukiwa umetulia, ili giza na umande vikusaidie kuuzima. Washa upande ambao upepo unaelekea, ili moto urudi nyuma ukipingana na upepo: utatembea polepole na miali mifupi. Usiwashe ule unaokimbia na upepo. Kuwe na watu wasiopungua watano, kila mmoja na tawi bichi lenye majani mengi, pampu moja au mbili za mgongoni zenye maji, na mtu mmoja asiye na kazi nyingine ila kutazama nyuma yenu. Msiondoke mpaka magogo yote yaliyoshika yamezimwa kwa udongo. Gogo linaloficha kaa hadi kesho mchana ndilo lililochoma mashamba mengi.

Ndani ya shamba, miaka mitatu ya kwanza mimi siruhusu moto wowote, hata ule wa mapema, kwa sababu machipukizi mafupi hufa juu na kuanza upya. Machipukizi mengi yakishapita kichwa cha mtu, unaweza kuruhusu moto wa mapema kila baada ya miaka miwili au mitatu, kipande kwa kipande, ili nyasi zisirundikane. Wapo watakaokuambia uzuie moto milele. Kwenye hekta mbili zenye ukuta, sawa. Kwenye hekta thelathini, nyasi zilizorundikana miaka sita siku moja zitakutana na cheche, na moto huo utaua hata miti mama.

Halafu kuna watu. Moto wa Septemba hauji peke yake. Unawashwa na vijana wanaowinda panya, na warina asali, na mtu aliyetupa sigara, na mchoma makala ambaye tanuri lake limepasuka. Kuwafukuza hakusaidii, watapita usiku. Nimeona kinachofaa ni kumlipa mmoja wao, anayefahamika kijijini, awe mlinzi wa moto kuanzia Juni hadi mvua ya kwanza, na kumlipa nyongeza mwishoni kama shamba halikuungua. Nyongeza ndiyo inayofanya kazi. Mbuzi nao, miaka hiyo ya mwanzo, wasiingie.

Hatua ya nne: kuchagua machipukizi

Baada ya misimu miwili ya mvua, kila kisiki kitakuwa na machipukizi kumi, ishirini, yanayonyang'anyana mwanga. Yanapungua yenyewe kwa muda, lakini ukiyasaidia unaokoa miaka.

Punguza Juni au Julai. Acha mawili au matatu kwa kisiki, na uchague yanayotoka chini kabisa, pale kisiki kinapoingia ardhini, kwa sababu yale ya juu yamejishikiza kwenye gome tu: upepo wa mvua ya kwanza unayang'oa, na uozo wa kisiki unaingia ndani yake. Yawe pande tofauti za kisiki. Lililonyooka lishinde lililo nene.

Tumia msumeno mdogo au panga lililonolewa. Kata karibu na kisiki, kwa mshazari, maji yateleze yasitulie. Usivunje kwa mkono: gome litachanika hadi kwenye lile unaloliacha. Vijiti ulivyokata ni kuni na nguzo za maharage, na kama umefunika udongo mtupu kwa matawi yake, hujapoteza kitu. Miaka minne au mitano baadaye rudi upunguze tena hadi moja au mawili.

Kishawishi kikubwa hapa ni kubakiza aina unayoipenda. Mwenye kutaka vinkubala (viwavi vya kula) anabakiza mutondo peke yake, mwenye kutaka mbao anabakiza mulombwa. Changanya. Shamba la aina moja likipata wadudu linapukutika lote mwaka mmoja.

Na uwe mkweli juu ya muda. Machipukizi hukimbia miaka ya mwanzo, kisha shina linanenepa milimita chache tu kwa mwaka. Miti ya makala utaingoja miaka 20 hadi 30. Mulombwa wa mbao anaupanda babu, anaukata mjukuu.

Hatua ya tano: kupanda pale panapolazimu

Mapengo ya kweli ni mawili: ardhi iliyolimwa hadi mizizi ikaisha, na mahali palipokuwa na tanuri la makala. Joto la tanuri linaua mizizi, mbegu na kuvu vyote kwa pamoja, na duara lake linabaki nyasi miaka mingi.

Kusanya maganda Agosti na Septemba, yakiwa yamekauka kwenye mti lakini hayajapasuka. Yatie kwenye gunia, funga mdomo, weka juani. Utayasikia yakipasuka. Chagua mbegu zisizo na tundu la mdudu na uzipande mwaka huo huo, kwa sababu mwakani zitakuwa takataka. Za muputu na mutondo hazihitaji dawa wala kuchemshwa. Mulombwa ni mkaidi: kata bawa na miiba ya ganda lake, toa mbegu kwa uangalifu, ikwaruze kidogo ndipo uiloweke usiku mmoja.

Mimi hupendelea kupanda moja kwa moja shambani, Novemba, mvua zikishatulia na si baada ya ile ya kwanza ya kudanganya. Weka mbegu tatu kwa shimo, sentimita mbili chini, na majani makavu juu kidogo. Ukitaka kitalu, tumia mifuko mirefu ya sentimita 30, kwani mzizi ukikunjana kwenye mfuko mfupi mti hautasimama vizuri maisha yake yote.

Njia yoyote utakayochukua, kuvu usiisahau. Chota udongo wa juu chini ya mutondo au muputu ulio hai, ule wenye majani yaliyooza na nyuzi nyeupe ukiupasua. Changanya ndoo moja yake na ndoo nne za udongo wa kawaida kwa kitalu, au tia konzi mbili kwenye kila shimo la shambani. Kwenye duara la tanuri vunja kwanza tabaka gumu na utawanye majivu. Baada ya hapo, mche ukikauka Julai usiung'oe. Subiri Oktoba uone.

Mkaratusi na akasia naipa nafasi, lakini pembeni. Mji unapika bukari (ugali) kwenye mbabula (jiko la makala) kwa sababu umeme unakatika, na mahubiri hayatabadilisha hilo. Shamba la makala la akasia mpakani, robo hekta au zaidi, litapunguza macho yanayotazama miombo yako.

Kula pori bila kulimaliza

Kabla ya miaka 20 kuna chakula na pesa, na hii ndiyo inayowafanya watu wa kijiji wakubali kulinda. Uyoga huja kwanza: tente, kabansa na wengine, kuanzia Novemba. Kata kwa kisu, usifukue udongo kwa jembe. Wachumaji wawe kina mama wanaojua, kwa sababu ukoo wa tente una ndugu wanaoua. Vinkubala vinapatikana kwenye mutondo. Kosa la kila mwaka ni kuangusha mti ili kuvifikia, wakati kijana akipanda au kutumia fimbo ndefu yenye ndoana anavipata, na mwakani pia. Acha mti mmoja katika kila mitano bila kuguswa ili wadudu wazaliane. Masuku huiva mvua zinapokaribia, na anayeokota yaliyoanguka anapata matamu kuliko anayetikisa.

Asali inalipa vizuri, ila mzinga wa gome unaua mti mzima kwa mzinga mmoja. Tengeneza ya mbao.

Ukifika wakati wa kukata makala, gawa pori katika vipande na ukate kimoja kwa mwaka, usirudi kwenye kipande hadi zamu yake. Kata mwishoni mwa kiangazi, chini ya goti, kwa mshazari, bila kuchana gome. Miti mama ibaki, mupundu na masuku vibaki, na kando ya mto pabaki pote. Tanuri liwe mahali pamoja kila mara, usitengeneze duara jipya kila mwaka.

Kufuatilia

Piga picha kila Oktoba ukiwa umesimama kwenye kigingi kile kile, ukitazama upande ule ule. Chagua mashina 30, yazungushie rangi kwa kimo cha mita 1.3, na kila Julai pima mzingo wake kwa utepe wa fundi nguo. Rudia kuhesabu kwenye miraba ile ile.

Mwaka wa tatu ndio mtihani. Machipukizi yanapaswa kuwa yamepita kiuno, mengine kichwa. Kama bado yako magotini, tafuta sababu kwa mpangilio huu: tazama chini ya shina kama kuna weusi wa moto ambao mlinzi hakukuambia, kisha ncha zilizokatwa sawasawa na meno ya mbuzi, kisha uliza kama kuna anayelima kwa siri katikati ya visiki. Usipokuta chochote, chimba kando ya kisiki kimoja uone kama mzizi wenyewe bado una unyevu. Ukiwa mkavu, rudi kwenye hatua ya tano kwa sehemu hiyo tu, na ununue magunia ya kukusanyia maganda kabla Agosti haijaisha.